Mama wa Mtama Alisema Hataki

Mama aliyekuwa akiuza mtama kwenye kona moja ya soko la Majengo, mjini kwetu Ugogoni, alikuwa amemtorosha binti yake kutoka Tabora. Mumewe alipofariki, shemeji zake walisema mahari ilishatoka, kwa hiyo mtoto ni wa ukoo wao: mama akikubali kurithiwa abaki, akikataa aende peke yake. Yeye akaondoka na mtoto mgongoni kabla kikao hakijaisha. Hayo niliyajua nikiwa nimeshachelewa. Nilichojua siku zile ni kwamba yeye ni Mnyamwezi na mimi ni Mgogo, basi ni mtani wangu, na mtani huna haja ya kumuuliza mengi.

Kwa msomaji ambaye hakukulia kwenye utani, nieleze kidogo. Zamani Wanyamwezi walipita nchi yetu na mizigo ya pembe wakienda pwani, na babu zetu wakawatoza hongo, yaani ushuru wa njia, kwanza ndipo wanywe maji. Waligombana, wakapatana, wakaishia kutaniana. Mpaka leo Mnyamwezi akinikuta njiani anaweza kunivua kofia akaenda nayo, nami sina ruhusa ya kununa. Siku yangu ikifika, mtani ndiye atakayekaa kando ya kaburi azuie nisizikwe mpaka apewe chochote. Umri hauangaliwi. Mama yule angeweza kuwa binti yangu wa kumzaa, lakini kila asubuhi alinipokea hivi:

"Umeamka, ombaomba? Leo unataka nini cha bure?"

"Nimefuata hongo ya babu yako. Alikunywa maji akakimbia."

"Yale yalikuwa maji? Yalikuwa tope. Toka hapa, unanifukuzia wateja."

Mama wa vitunguu, jirani yake, alikuwa akicheka mpaka anajifuta macho. Kwa mstaafu kama mimi, ambaye mke wake amekwisha kufa na watoto wako mbali, matusi yale yalikuwa kifungua kinywa changu.

Ndipo akaja binti wa marehemu kaka yangu. Alisomea filamu Dar es Salaam, akafikia kwangu Ipagala akiwa na mabegi yake na stendi ya miguu mitatu. Alitaka kutengeneza filamu ya Majengo, kwa sababu alisikia kwamba mabanda mengi ya zamani yatavunjwa, na mji wote, alisema, unakua kama mtoto anayebadilishiwa nguo kila mwezi. Nikamuuliza nani atasimulia. Akasema hakuna msimulizi. Hakuna muziki, na hakuna mtu wa kuhojiwa.

"Sasa hadithi ni nini?"

"Hakuna hadithi, Baba Mdogo. Tunatazama."

"Tunatazama nini?"

"Chochote kitakachopita."

Nilimhurumia kaka yangu kaburini kwa ada aliyolipa. Lakini nilikwenda naye, kwa sababu alihitaji mwenyeji, na mimi nilihitaji mahali pa kwenda. Alikuwa akichagua sehemu, anasimamisha kamera, anabonyeza, kisha anarudi nyuma na kukunja mikono. Kamera haikugeuka wala kusogea. Mwanzoni nilichoka miguu. Baadaye macho yakaanza kufanya kazi ambayo hayakuwahi kuifanya. Soko lile nimelipita tangu ujana wangu, lakini sikuwahi kuona kwamba mama wa vitunguu huhamisha kigoda chake akifuata kivuli cha nguzo ya umeme, kidogo kidogo, mpaka jioni anakuwa amekaa mbele ya duka la mwenzake. Sikuwahi kuona kwamba watumishi wa serikali, wenye vitambulisho shingoni, huvigeuza mgongo kabla hawajaanza kuomba kupunguziwa bei ya karanga. Wafugaji waliokuja kutoka Chamwino walisimama mbele ya duka la redio wakisikiliza, wala hawakununua, na mwenye duka hakuwafukuza.

Binti yangu huyo alikuwa na sharti moja. Kila mtu atakayekaa mbele ya kamera kwa muda mrefu lazima aombwe kwanza na akubali. Kazi hiyo alinipa mimi, kwa kuwa mimi ndiye ninayejulikana.

Siku ya kona ya mtama nilimwendea mtani wangu nikiwa na bashasha zote. Ilikuwa Jumamosi, mtoto hakwenda shule. Alikuwa amekaa chini ya meza akichambua mawe kwenye choroko.

"Leo unaingia kwenye filamu," nikamwambia. "Wazungu watajua Wanyamwezi wanavyopima mtama kwa kuiba."

"Sitaki," akasema.

"Unataka."

"Mzee, sitaki. Hilo dude likinielekea mimi nitakuzika ukiwa hai."

Watu wakaangua kicheko. Nikacheka nao. Nikamwambia kama atanizika basi achimbe mwenyewe, maana Mnyamwezi ameumbwa kwa kubeba, si kwa kuchimba. Wakacheka zaidi. Akasema tena, kwa sauti ya chini, "Sitaki, nimesema." Akamvuta mtoto kwa bega, akamgeuza aangalie ukutani.

Nilirudi kwa binti yangu upande wa pili wa barabara.

"Amekubali?"

"Amekubali."

"Una hakika, Baba Mdogo? Namwona kama hajapenda."

"Yule ni mtani wangu. Ukimwomba mtani maji akakwambia kunywa sumu, maana yake maji yanakuja. Bonyeza."

Akabonyeza. Kamera ikatazama kona ile muda mrefu, na mimi nikavuka nikasimama karibu na meza ya mtama, kofia kichwani, mikono nyuma, kama mkaguzi. Sikuwa na kazi pale. Nilitaka tu kuwamo.

Kosa hilo peke yake pengine lisingemdhuru mtu. Filamu ilikuwa bado, na binti yangu alikuwa mwangalifu na picha zake. Lakini nilimsumbua anipe kipande kile kwenye simu yangu. Alinipa, akaniambia, "Hiki ni chako, usimtumie mtu." Nikamwahidi. Nilikitazama mara nyingi. Nilijiona nimesimama vizuri, bado sijapinda mgongo. Basi nikakituma kwenye grupu la wastaafu tuliofanya kazi relini, watu waliotawanyika kutoka Dar mpaka Kigoma. Nikaandika chini yake: "Mwenzenu sasa ni mcheza sinema." Wakaniwekea vikatuni vya kupiga makofi. Nilifurahi kama mtoto siku ya Idi.

Kisha bando likaisha, na siku iliyofuata sikununua jingine. Asubuhi ya siku ya tatu nilikwenda Majengo na binti yangu. Kamera ilikuwa imesimama mbele ya mashine ya kusaga. Karibu na adhuhuri nikaweka bando, simu ikaanza kutetemeka mfukoni bila kukoma. Nikafungua ujumbe wa sauti wa mwenzangu mmoja anayeishi Tabora. Alikuwa na furaha.

"Aisee, dunia duara! Huyo mama wa mtama uliyesimama naye ni mke wa marehemu jirani yangu. Ndugu wa marehemu wamemtafuta yeye na mtoto mpaka wamechoka. Nimewapelekea video jioni hii hii, mama yao mzee analia kwa furaha. Kaka wawili wa marehemu wanapanda basi alfajiri kuja kumchukua mtoto wao. Mungu akubariki kwa kutuunganishia familia."

Nilisikiliza tena. "Jioni hii" ilikuwa jana. "Alfajiri" ilikuwa leo, nami nilikuwa nimeipitisha nikinywa chai.

Binti yangu aliniona nimekaa juu ya gunia la pumba. "Baba Mdogo, unaumwa?" Nilinyanyuka nikaenda kona ya mtama, na njia ile fupi niliiona ndefu, nikipishana na bajaji na mikokoteni bila kuangalia.

Alikuwa akipepeta. Aliponiona akaweka ungo chini.

"Haya, mcheza sinema. Nani amekufa huko Ugogoni?"

"Shemeji zako wanakuja," nikamwambia. "Wako kwenye basi."

Akacheka. Sijawahi kuumia kwa kicheko cha mtu kama siku ile.

"Wanakuja kunitolea posa? Waambie nimeshaolewa na Mgogo asiye na ng'ombe."

"Sikutanii. Leo sikutanii."

"Ndivyo mnavyoanza kutania, babu wewe. Mama vitunguu, umemsikia? Anasema leo hatanii!"

"Mwambie waje na sukari," mama wa vitunguu akajibu, "na hongo waiache hapa kwangu!"

Mwenye dagaa akadakia kwamba yeye ni mshenga, ana kanzu tayari. Kicheko kikasambaa mpaka kwenye magunia ya alizeti. Nami nikasimama katikati yake. Kila nilichosema kilikuwa kinaongeza utani. Nikisema ni kweli, wanacheka. Nikinyamaza, wanasema najifunza kuigiza. Mtu niliyempuuza aliposema kweli sasa alikuwa ananipuuza mimi kwa haki kabisa, na wakati huo huo basi lilikuwa linakuja, pengine limeshafika Manyoni.

Nikatoa simu. Nikaipandisha sauti, nikamwekea sikioni.

Aliijua sauti ile kabla haijafika nusu, maana alikuwa amekaa nayo ukuta kwa ukuta. Kicheko kilibaki mdomoni mwake kidogo, kama maji yanayobaki kwenye karai baada ya kumwagwa. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanirudishia simu kwa mikono miwili.

"Umewatumia," akasema. Hakuwa anauliza.

"Nilituma kwa wenzangu. Sikujua."

"Nilikwambia sitaki."

"Ulisema."

"Nilikwambia mara ngapi?"

Mama wa vitunguu alisimama, akafunga kanga yake vizuri, akauliza basi la Tabora huingia saa ngapi. Nikasema alasiri. Mtani wangu alikuwa ameshavua aproni.

"Mtoto yuko shule," akasema, na alimwambia mama wa vitunguu, si mimi. Shule yenyewe ilikuwa Ipagala, mitaa michache kutoka nyumbani kwangu. Nikasema naijua, twende, nitawaonyesha njia ya mkato. Akanitazama.

"Wewe kaa."

Wakapanda bajaji wote wawili. Mtama ukabaki mezani na ungo chini, kama amekwenda kuchota maji. Nikakaa kwenye kigoda chake. Binti yangu alikuja, akaniangalia, akaangalia meza, akaelewa nusu.

"Ulituma kile kipande?"

"Nilituma."

"Na siku ile, alikubali kweli?"

"Hapana."

Akarudi kwenye kamera yake iliyokuwa bado inatazama mashine ya kusaga. Tangu tuanze, hakuwahi kukata picha katikati. Siku ile aliikata. Akakunja ile miguu mitatu, akaja kukaa kwenye gunia karibu nami.

Wale shemeji wawili walifika kweli alasiri. Niliwajua kabla hawajasema lolote, kwa namna walivyotembea. Mdogo alikuwa ameinua simu mbele ya uso wake, anapiga hatua, anasimama, anatazama kioo, anatazama barabara. Alikuwa anaoanisha. Nguzo ya umeme hapa, bati jekundu kule, ukuta wenye maandishi ya rangi ya buluu. Binti yangu alinishika mkono. Picha yake isiyotikisika, aliyoitengeneza kwa subira yote ile, ilikuwa imewapa ramani. Yule mdogo akasogea kushoto kidogo, akarudi nyuma hatua moja, mpaka akasimama palepale kamera iliposimama. Akaishusha simu, akaniona mimi, kofia ileile.

Mkubwa alikuwa amevaa koti licha ya joto, na ndevu zake zilikuwa na mvi. Wakaja mezani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Mnatoka wapi?"

"Tabora. Sisi ni Wanyamwezi."

Sijui nilipata wapi moyo. Pengine sikuwa na silaha nyingine. Nilinyanyuka nikaunyakua mfuko wa yule mdogo, nikaukumbatia kifuani.

"Wanyamwezi! Mmepita Singida, mmepita Manyoni, mmeingia Ugogo, hongo mmelipa wapi?"

Mdogo alitoa macho, kisha akacheka. Angefanya nini? Mtani hakasiriki. "Mzee, humo kuna shati tu."

"Nitalivaa. Babu zenu walitoa majembe, nyinyi mnaleta mashati?"

"Toka lini Mgogo akauza mtama badala ya kuuomba?"

"Toka Mnyamwezi aliposahau kubeba, akaanza kupanda basi!"

Watu wakaanza kusogea. Mwenye dagaa, ambaye alikuwa amejua kila kitu, akaja akadai koti la mkubwa kwa niaba ya mashangazi zake. Mkubwa akajitahidi kutabasamu. Tuliwazungusha hivyo, tukawakalisha, tukawaletea maji tukawakataza kunywa, kisha tukawaruhusu. Kila dakika niliyoipata niliihesabia yule mtoto huko Ipagala. Niliongea maneno mengi siku ile kuliko mwaka mzima, huku nikiangalia kwa pembeni ya jicho kama bajaji itatokea na mama yule arudi kwa bahati mbaya kuchukua kitu.

Hatimaye mkubwa akaweka kikombe chini.

"Mzee," akasema taratibu, "utani tumeutimiza. Umeturidhisha. Sasa tunauliza kwa heshima. Mtoto wa mdogo wangu yuko wapi?"

"Sijui."

"Mama yake je?"

"Alikuwa hapa. Ameondoka."

"Wewe ndiye uliyeko kwenye picha. Picha imetoka kwako." Macho yake yalikuwa mekundu, sijui kwa safari au kwa kitu kingine. "Mdogo wangu alituachia yule mmoja tu. Mama yetu hawezi tena kusimama, lakini jana alisimama akacheza ulipoleta ile picha. Ulituita mwenyewe, mzee. Sasa unatuficha?"

Nilitamani awe mtu mbaya. Ningemjibu. Lakini alikuwa baba mkubwa wa mtoto, amevaa koti lake la safari, na mimi nilikuwa nimempa bibi mmoja furaha ambayo sasa nilikuwa namnyang'anya kwa mkono uleule.

"Nimekosea," nikamwambia. "Nimemkosea mama wa mtoto, na nyinyi pia. Mtoto yuko kwa aliyemzaa. Kama mna madai, ofisi za ustawi wa jamii zipo, mzungumze naye mbele ya watu. Mimi siwezi kuwapeleka, kwa sababu sijui alipo, na hata ningejua nisingewapeleka."

Mdogo akauchukua mfuko wake kutoka kwenye magoti yangu. Hakunisukuma. Walikaa mjini siku kadhaa wakiulizauliza, kisha nikasikia wamerudi.

Binti yangu alinikalisha sebuleni kwangu wiki ile, akafungua kompyuta yake. Alisema anataka kukifuta kipande kile mbele yangu, lakini kwanza nikitazame chote kwenye kioo kikubwa. Kwenye simu nilikuwa nimejitazama mimi tu. Safari hii nilimtazama yeye. Soko linaendelea, watu wanacheka, vumbi linapita, mzee mwenye kofia anajinyoosha. Mama wa mtama hacheki. Muda wote ule hacheki. Anapima, anamwaga kwenye mfuko wa mteja, anavuta kanga mpaka kwenye nyusi, na kila baada ya muda mkono wake unashuka chini ya meza, unagusa kichwa cha mtoto, unahakikisha bado kimeelekea ukutani. Mara moja anainua macho moja kwa moja kwenye kamera, anangoja, kama mtu anayetumaini kwamba aliye upande wa pili ataona. Mimi niko hatua chache kutoka kwake, nimempa mgongo.

"Nifute?" binti yangu akauliza.

"Futa."

Filamu yake ilikwisha bila kona ile. Ameniambia ni filamu nzuri, na nadhani ni kweli. Meza ya mtama ilichukuliwa na mtu wa viatu vya mitumba. Magunia aliyaondoa mama wa vitunguu, na nilipomuuliza ameyapeleka wapi alinitazama kisha akaendelea kupanga vitunguu vyake. Sikumuuliza tena. Nilipita pale kila asubuhi hata hivyo. Hakuna aliyenitania.

Masika yalikuwa yameanza siku simu ilipoita kwa namba nisiyoifahamu. Nyuma ya sauti kulikuwa na mvua ikipiga bati, na mtoto akisoma irabu kwa kuimba.

"Shikamoo, mzee," akasema.

Niliijua sauti. Nikangoja afuatishe tusi, aniite ombaomba, aniulize kama nimeshakufa ili aje azuie kaburi. Mvua ikaendelea.

"Nimeona nikwambie mtoto ni mzima," akasema. "Anasoma. Hawajatufikia."

"Nashukuru, mama. Nilikuwa nataka kukuomba—"

"Haya, mzee wangu. Ubaki salama."

Alikuwa ameshakata. Nilikuwa bado sijaitikia salamu yake, nikaitikia peke yangu pale uani, simu mkononi. Marahaba.